Kabla ya kufuta kesi, mwambieni mwenye kesi

Barua ya wazi kwa Majaji Wakuu, wasajili wa mahakama na wajumbe wa kamati zinazotunga kanuni za mashauri ya madai

Waheshimiwa,

Amri fupi kuliko zote zinazotoka katika mahakama za madai ni hii: "Shauri limefutwa kwa kutoendeshwa." Haigusi ushahidi, maana hakuna uliosikilizwa. Haisemi nani alikuwa na haki. Mara nyingine haisemi hata kama aliyefutiwa anaruhusiwa kurudi. Lakini kwa mtu aliyekuwa anadai kiwanja chake, au fidia ya mguu aliovunjika barabarani, mstari huo ndio hukumu yake yote.

Nimekaa miaka mingi kwenye kaunta ya masjala ya madai, kwa hiyo nisieleweke vibaya. Majalada yanayolala yapo, na mengi yanastahili kufungwa. Watu hufungua kesi wakiwa na hasira; hasira ikipoa hawaji tena. Wengine walishapatana huko nje, wakalipana, wala hawakukumbuka kuja kuiarifu mahakama. Wapo pia wanaofungua kesi ili tu imning'inie mwenzao: wakishapata zuio la muda juu ya ardhi wanapotea, na mdaiwa anabaki hauzi, hajengi, wala benki haimkopeshi. (Kenya imelikata hili kwa upande mmoja. Chini ya kanuni zake za 2010, zuio la muda hufa lenyewe miezi 12 ikipita bila kesi kuamuliwa, isipokuwa mahakama iamue vingine kwa sababu ya kutosha. Laiti wengine wangeiga.) Mashahidi wa mdaiwa huzeeka na kusahau sawasawa na wa mdai, naye ana haki ya kujua lini jambo litakwisha.

Siombi basi kwamba mamlaka ya kufuta kesi yaondolewe. Ninachoomba ni kwamba kabla ya mstari huo kuandikwa, mahakama yenyewe imwambie mwenye kesi, yeye binafsi, kwa njia ambayo taarifa itamfikia, kwamba kesi yake inakaribia kufutwa. Kumwambia wakili wake peke yake hakutoshi, na tangazo la ubaoni halitoshi kabisa.

Nieleze kwanza sheria ilivyo, maana nje ya mahakama watu huchanganya mambo mawili.

Kesi inaweza kufutwa kwa sababu mdai hakufika siku ya kusikilizwa. Imeitwa, mdaiwa yupo na anakana dai, mdai hayupo. Amri ya Tisa ("Amri" hapa ni fungu la kanuni, si agizo la hakimu) ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya Tanzania, ambayo asili yake ni sheria ya India ya 1908, inaagiza shauri lifutwe, na mdai anazuiwa kufungua jipya juu ya chanzo kilekile cha madai. Mlango pekee unaobaki ni kuomba amri itenguliwe kwa kuonyesha sababu ya kutosha, na muda wa kuomba ni siku 30. Hapo angalau kuna tarehe ambayo mdai alipaswa kuijua.

Jambo la pili ni ukimya. Hakuna aliyekosa kufika popote, ila jalada limekaa tu. Kanuni za Kenya, Amri ya 17, kanuni ya 2, zinasema mwaka ukipita bila upande wowote kuomba lolote wala kuchukua hatua, mahakama inaweza kutoa notisi ya maandishi ikiwataka wahusika waeleze kwa nini kesi isifutwe. Wasipotoa sababu ya kuridhisha, inafutwa.

Kuhusu ukimya huo majaji walishaweka kipimo zamani, na ni kipimo cha watu wenye busara. Katika kesi ya Kenya ya Ivita dhidi ya Kyumbu, mwaka 1984, Jaji Chesoni aliuliza maswali mawili: je, ucheleweshaji ni wa muda mrefu na hauna udhuru? Na hata ukiwa hivyo, je, haki bado yaweza kutendeka? Akakumbusha kwamba haki hiyo ni ya mdai na mdaiwa kwa pamoja. Miaka saba kabla yake, katika Birkett dhidi ya James, Baraza la Malodi la Uingereza, lililokuwa mahakama ya juu kabisa huko wakati huo, lilikuwa limesema kwamba kwa kawaida kesi isifutwe kwa uzembe wa kawaida wakati muda wa kisheria wa kuifungua haujaisha, kwa sababu mdai ataondoka hapo na kwenda kufungua nyingine, na mdaiwa atakuwa amecheleweshwa zaidi badala ya kupona.

Tazameni vizuri kipimo hicho. Chote kinategemea awepo mtu wa kujibu. Udhuru hautolewi na jalada. Hakimu hawezi kujua kama mdai alikuwa amelazwa, kama wakili wake alifariki, au kama wamepatana na mdaiwa, mpaka mtu asimame mbele yake aseme. Pasipo mtu, kipimo cha 1984 hakifanyi kazi. Kinachobaki ni kuhesabu miezi.

Nami nimeona miezi ikihesabiwa. Siku ya orodha ya kesi za kufutwa, ukumbi huwa mtupu kuliko siku nyingine zote, ingawa orodha yenyewe hushuka hadi ukurasa wa tatu au wa nne. Karani anatoka mlangoni na kuita namba ya shauri, kisha jina la mdai, kisha la mdaiwa. Anaita mara tatu, kama utaratibu unavyotaka. Ukumbini kuna mawakili wawili watatu waliokuja kwa shughuli zao, na mmoja wao labda ataomba radhi kwa niaba ya mwenzake aliyeko mahakama nyingine. Karani anarudi, anatikisa kichwa. Hakimu anaandika. Jalada linahamia upande wa kushoto wa meza, na linalofuata linaitwa. Kabla ya saa nne asubuhi meza ya kulia imekuwa nyeupe. Hakuna aliyevunja sheria, notisi zote zilitoka, na nyingine nilizipiga mhuri mimi mwenyewe.

Tatizo ni zilikokwenda. Notisi hupelekwa kwenye anwani ya huduma, yaani ya kupokelea nyaraka za kesi, iliyoandikwa katika hati ya madai, na anwani hiyo, mtu akiwa na wakili, ni ya wakili. Mawakili huhama ofisi, hugombana na wabia wao, huugua, hufungiwa leseni, hufa. Sanduku la posta linabaki palepale. Katika majalada mengi bahasha iliyorudi inakuwa imebanwa kwa pini nyuma ya nakala ya notisi ileile, na amri ya kufuta iko juu yake. Yaani ushahidi kwamba mtu hakuambiwa umehifadhiwa pamoja na amri inayomwadhibu kwa kutojibu.

Siku moja alikuja mama mmoja kaunta kuulizia tarehe. Alikuwa na kipande cha karatasi chenye namba ya shauri, kimekunjwa hadi mikunjo imeanza kuachia. Nilipofungua daftari nikakuta kesi yake ilifutwa zaidi ya mwaka mmoja nyuma. Nikamweleza taratibu. Akanisikiliza hadi mwisho, halafu akauliza, "Sasa nani alisema mimi siitaki tena?" Sikuwa na jibu, kwa sababu hakuna aliyesema. Wakili aliyemlipa alikuwa amefunga ofisi, na kila mara mama alipompigia simu kabla ya hapo aliambiwa kesi "iko kwenye foleni". Alifanya kila ambacho mtu asiyesoma sheria angefanya: alitafuta mjuzi, akamlipa, akasubiri.

Hapo ndipo mahakama zetu hugawanyika ndimi. Fungua maamuzi utakuta jaji mmoja anaandika kwamba kosa la wakili asibebeshwe mteja. Geuza ukurasa, mwingine anaandika kwamba kesi ni mali ya mwenye kesi, haitoshi kumkabidhi wakili na kwenda kulala, alipaswa kufuatilia. Yote mawili ni kweli kwa nyakati zake, na hilo ndilo linalowatesa watu, kwa sababu hakuna ajuaye kesi yake itaangukia sentensi ipi.

Marekani walilikata jambo hili kwa ukali. Katika Link dhidi ya Wabash Railroad, mwaka 1962, kesi ya madai ya ajali iliyokuwa na umri wa miaka sita ilikuwa imefutwa siku ileile ambayo wakili wa mdai alikosa kufika kwenye kikao cha maandalizi. Mahakama Kuu Kabisa ya nchi hiyo ikabariki: mteja alimchagua wakili huyo kwa hiari yake, basi avumilie matokeo. Na kanuni yao ya mashauri ya madai, ya 41(b), inahesabu ufutaji wa namna hii kuwa uamuzi wa kesi yenyewe, isipokuwa amri iseme vingine. Mtu ambaye hajawahi kusikilizwa anahesabiwa ameshindwa. Jaji Black, mmoja wa majaji wa mahakama hiyo, aliikataa hukumu hiyo, na mimi, kwa udogo wangu, niko upande wake. Kumchagua wakili ni kumpa kazi ya kusema kwa niaba yako. Sioni vipi kazi hiyo inageuka kuwa ruhusa ya kukuficha.

Mtaniambia mteja anaweza kumshtaki wakili kwa uzembe. Anaweza. Atatafuta wakili wa kumshtaki wakili, atafungua kesi mpya ya madai, na kwanza atathibitisha kwamba ile ya zamani ingeshinda. Mwenye kulisema hili kama faraja hajawahi kukaa kaunta.

Sasa niseme juu ya kanuni moja inayonisumbua kuliko zote. Mwaka 2020 Kenya iliongeza katika Amri ya 17 kifungu kinachosema kesi huhesabika imefutwa baada ya miaka 2 bila hatua yoyote kuchukuliwa. Kesi inajifuta. Hakuna notisi ya kueleza sababu, hakuna karani mlangoni, hakuna jina linaloitwa hata hiyo mara moja. Naelewa waliotunga: marundo yalikuwa marefu na majaji hawatoshi. Kifungu kinachofuata kinamruhusu mtu kuiomba mahakama baada ya kesi kufutwa, na hilo ni jema. Ila mtu huomba kufunguliwa mlango akijua umefungwa. Mama yangu yule wa kaunta angejuaje? Kwa kanuni hii hata lile jalada lenye bahasha iliyorudi halitakuwepo. Katiba ya nchi hiyohiyo, ibara ya 159, inataka haki isicheleweshwe na pia itendwe bila kuzama mno katika ufundi wa taratibu. Ya Tanzania inasema karibu hivyohivyo katika ibara ya 107A. Kalenda inayofuta kesi bila binadamu kuitazama imetii nusu ya kwanza tu.

Na saa hiyo inayohesabiwa ni ya nani? Kanuni zinazungumzia hatua za wahusika. Hazizungumzii jaji aliyehamishwa akaacha kesi nusu, wala miezi ambayo mrithi wake hajateuliwa. Hazizungumzii maneno mawili ambayo kila aliyewahi kuwa na kesi anayajua kwa moyo: "Jalada halionekani." Nimewahi kuyatamka mimi mwenyewe, kwa watu waliokuja na barua za kuomba tarehe. Barua tulipokea na kugonga mhuri, lakini zingebandikwa wapi wakati jalada halipo? Zikaenda kwenye boksi. Jalada likipatikana baadaye, ukilifunua linaonyesha ukimya mtupu, na mtu aliyekuja kaunta mara kwa mara anaonekana aliyelala. Kanuni ikisema kwamba barua yoyote iliyopokelewa masjala ni hatua, na kwamba muda ambao jalada lilipotea au kesi haikuwa na jaji hauhesabiwi, mahakama haitapoteza kitu isipokuwa aibu ndogo ya kukiri upande wake wa ucheleweshaji.

Watu wengine husema, kwani shida iko wapi, si afungue upya? Mara nyingi hawezi. Kote Kenya na Tanzania muda wa kudai chini ya mkataba ni miaka 6, wa madhara kama ya ajali ni miaka 3, wa kudai ardhi ni miaka 12, na kesi iliyofutwa haisimamishi saa hiyo. Aliyegongwa na gari, akafungua kesi mwaka wa pili, ikalala miaka miwili ikafutwa, ameshapitwa. Ndiyo maana wenye kesi za ajali ndio huumia zaidi na amri hizi, na hao ndio mara nyingi hawana uwezo wa kutembea hadi kwenye kaunta.

Kuna jambo la hesabu pia, na hapa nawasema wasajili zaidi. Ripoti ya mwaka ikitangaza kwamba kesi kadhaa "zimemalizwa", msomaji anaelewa kuna watu wamesikilizwa wakapewa majibu. Zilizofutwa kwa ukimya zisichanganywe humo. Zitengewe safu yake, na pembeni iandikwe ngapi kati ya hizo zilirejeshwa baadaye kwa maombi. Mahakama ikipimwa kwa idadi ya majalada yaliyofungwa, siku ya orodha ya kufuta itakuwa ndiyo siku yenye tija kuliko zote za mwaka, na hakimu atakayetumia asubuhi nzima kumsikiliza shahidi mmoja ataonekana mvivu. Nimewaona mahakimu wazuri wakihangaika na jambo hilo.

Narudi kwenye ombi langu, maana si kubwa. Kila hati ya madai iwe na sehemu ya lazima ya namba ya simu ya mdai mwenyewe na ya ndugu mmoja wa karibu, mbali na mawasiliano ya wakili. Mifumo ya kufungua kesi kwa njia ya mtandao imerahisisha mengi, lakini akaunti nyingi ni za mawakili, na ujumbe wa mahakama huishia humo. Kumwongeza mwenye kesi kwenye orodha ya wanaotumiwa ujumbe ni kazi ya mafundi wa kompyuta, na ya mara moja. Wakili akijitoa, akifa au akifungiwa, mahakama imjulishe mteja kabla muda wowote haujaanza kuhesabiwa dhidi yake. Taarifa ya kufuta itolewe kwa mwenye kesi siku 60 kabla. Ikirudi bila kumfikia, hakimu alione hilo limeandikwa juu kabisa ya jalada, kabla hajashika kalamu. Na akifuta, aandike kwa maneno yanayosomeka kama mtu anaweza kurudi, ndani ya muda gani, na kwa ombi la aina gani.

Wale watakaopata taarifa wakanyamaza, futeni kesi zao. Sitawatetea. Mdaiwa wa kesi kama hiyo apewe gharama zake aende zake, na ningependa apewe haraka kuliko anavyopewa sasa. Mdai aliyeambiwa usoni na bado hakuja amejibu swali la yule mama.

Kwa waliokwisha futiwa bila kujua, fungueni kipindi maalumu cha kuomba kurejeshewa, ambacho hakitalazimisha kila mmoja kulipia hati ya kiapo ndefu ya kueleza kila siku iliyopita. Fomu ya ukurasa mmoja itatosha. Majalada yenye bahasha zilizorudi yanajulikana yalipo, makarani watawaonyesha.

Ili asiwepo wa kusema lugha ya sheria haiwezi kuingia kwenye simu, nimeandika ujumbe wenyewe. Mrekebishe mpendavyo:

"Mahakama inakuarifu: kesi yako ya madai, namba (…), dhidi ya (…), haijaendelea kwa muda wa mwaka mmoja. Tarehe (…) saa tatu asubuhi hakimu ataamua kama ifutwe. Ikifutwa huenda usiweze kuifungua tena. Kama bado unaitaka, fika mwenyewe siku hiyo, hata kama wakili wako hatafika, au andika barua masjala kabla ya hapo. Kama mmepatana, tuambie. Huduma hii ni bure."

Wenu katika utumishi,

Karani mstaafu wa masjala ya madai